Miguu iliyotokeza kwenye mkeka

Nilikuwa na miaka tisa nilipopewa kazi ya kumchoma moto Kizito. Lilikuwa igizo la kigango chetu, tarehe 3 Juni, sikukuu ya Mashahidi wa Uganda, na kwa sisi tuliokulia upande wa Bukoba hiyo siku si ndogo, kwaya inafanya mazoezi wiki na wiki, watoto tunagombania nafasi, na mzee katekista ndiye anayeamua nani awe nani na akishaamua ameamua. Wote tulitaka kuwa Karoli Lwanga, kiongozi wa mashahidi. Mimi nikaambiwa wewe utakuwa mtu wa Mukajanga, yaani mmoja wa wauaji waliotumwa na Kabaka, mfalme wa Buganda, nikapakwa masizi usoni nikapewa panga la kadibodi, nikaenda nyumbani nikalia.

Kizito alikuwa mtoto wa jirani yetu, mdogo kuliko wote, nadhani ndiyo maana alichaguliwa. Tulimviringisha kwenye mkeka wa bibi yangu, tukaufunga kwa kamba za migomba, tukambeba watatu mpaka kwenye rundo la kuni zilizopangwa mbele ya mlango wa kanisa, moto wenyewe ulikuwa majani makavu ya migomba na kitambaa chekundu ambacho dada wawili walikuwa wanakitikisa huku na huku. Mkeka ulikuwa mfupi. Miguu yake ikatokeza nje, mguu mmoja una ndala na mwingine hauna, imedondoka njiani wakati tunambeba. Na mama yake aliyekuwa kakaa benchi la mbele akaanza kulia, kulia kabisa, mpaka akina mama wenzake wakamshika. Alijua mwanae mzima, asubuhi ile ile alikuwa kamnywesha uji, angekuwa naye mezani mchana ule. Lakini aliona ile miguu.

Hiyo picha sijaachana nayo mpaka leo, na nimekuwa nikiiwaza zaidi tangu nilipoenda mwenyewe Namugongo, karibu na Kampala, walipochomwa mashahidi wale, kwa hiyo naandika tu nilichokiona na nilichokiwaza, ni ndefu kidogo mnisamehe.

Kwa asiyejua hii habari kwa undani. Kabaka Mwanga II wa Buganda alirithi kiti mwaka 1884 akiwa kijana wa miaka kama 16. Baba yake Mutesa alikuwa amewakaribisha wageni wote, Waarabu na Waswahili wa pwani na dini yao, wamisionari wa Kianglikana waliofika 1877, na mapadre Wafaransa waliofika 1879, akawa anawachezesha wote bila kumpa yeyote ushindi. Mtoto hakuwa na huo uzoefu. Alirithi ikulu iliyojaa vijana wanaojua kusoma, wanaosali kwa makundi, na wanaosema yuko Mfalme mwingine juu ya Kabaka. Huku pwani Wajerumani wameanza kuchukua nchi mwaka 1885, akasikia mzungu anakuja kutokea mashariki kupitia Busoga, akaogopa, akaamuru auawe, huyo alikuwa askofu Hannington, Oktoba 1885. Yosefu Mukasa Balikuddembe aliyethubutu kumwambia Kabaka amekosea akakatwa kichwa Novemba hiyo hiyo. Tena kuna habari ambayo tukiwa watoto hatukuambiwa waziwazi, kwamba Kabaka aliwataka kimwili wale vijana wa ikulu na wao wakawa wanakataa, na Lwanga aliyechukua nafasi ya Mukasa kama mkubwa wao akawa anawaficha. Mei 1886 pale Munyonyo, alikokuwa anakaa Kabaka kando ya ziwa, mambo yakapasuka. Usiku wa kuamkia kukamatwa, Lwanga aliwabatiza wale ambao walikuwa bado, na Kizito akiwemo, umri wake kama miaka 14.

Alhamisi ya Kupaa Bwana, 3 Juni 1886, wakachomwa pale Namugongo, Wakatoliki na Waanglikana kwenye moto mmoja, wameviringishwa kwenye matete. Lwanga alitengwa akachomwa peke yake polepole kuanzia miguuni.

Sasa kitu ambacho nilikuja kukijua ukubwani na kikanigusa sana. Watatu kati ya waliohukumiwa hawakuchomwa. Dionisi Kamyuka, Simeoni Ssebuta na Karoli Werabe, walifika mpaka kwenye kuni, wakaachwa hai dakika za mwisho, wakawaona wenzao wakichomwa. Na ndio hao waliokuja kusimulia. Ukifikiria vizuri, kila picha ya Namugongo uliyowahi kuiona, kila sanamu, kila dirisha la kanisa, na hata lile igizo letu la majani ya migomba, chanzo chake ni macho ya vijana kama hao waliosimama pembeni wanaangalia. Matete tunayajua kwa sababu yao. Maneno ya kuagana tunayajua kwa sababu yao. Maneno yakaandikwa, maandishi yakachorwa, mchoro ukachapwa kwenye kalenda, kalenda ikafika kwa bibi yangu.

Ile kalenda nayo niiseme. Ilikuwa ya mwaka ulioisha zamani, bibi alikata tarehe akabakiza picha, akaibandika kwa uji wa muhogo ukutani karibu na mlango wa jikoni kwa hiyo upande wa chini ulikuwa umekuwa wa kahawia kwa moshi. Mashahidi wote 22 wa Kikatoliki wamesimama pamoja, nguo nyeupe, nyuso zimetulia kabisa. Bibi hakujua kusoma lakini angeweza kukuonyesha kwa kidole huyu Lwanga, huyu Kizito, huyu Matia Mulumba. Nilikua nikiamini walikufa hivyo, wote siku moja, wamesimama. Kumbe siku ile ya Namugongo Wakatoliki walikuwa 13, wengine tisa waliuawa sehemu nyingine na siku nyingine, Mulumba alikatwa viungo akaachwa hapo Kampala ya Kale afe polepole, siku kama tatu bila mtu kumkaribia, na wa mwisho Yohana Maria Muzeyi aliuawa Januari 1887. Sidhani kama waliwahi kusimama pamoja 22 duniani hata siku moja. Aliyewasimamisha pamoja ni mchoraji. Na simlaumu, maana bila yeye bibi yangu asingewajua, lakini nataka tuone kazi ya mkono wa msanii ilivyo kubwa, kwamba anaweza kuchukua miezi ya hofu iliyotapakaa vilima vingi akaifanya iwe asubuhi moja tulivu ukutani.

Basi nikapanda basi Bukoba, Mutukula, Masaka, Kampala, kesho yake nikachukua bodaboda kupitia Kyaliwajjala. Sikwenda Juni, nilitaka kwenda pakiwa hakuna watu.

Basilika la Wakatoliki ukiliona kwa mbali linakuja kama nyumba ya msonge, lakini ya chuma, limezungukwa na nguzo za shaba zinazoshuka kutoka juu mpaka chini. Lilichorwa na Mswisi Justus Dahinden na kufunguliwa 1975. Nguzo ziko 22, moja kwa kila shahidi. Nilizihesabu zote kwa kuzunguka kwa miguu, nikifika kwenye nguzo natamka jina, nikakwama kwenye jina la 17 nikaona aibu kweli kwa sababu bibi asingekwama. Ndani, altare iko pale pale Lwanga alipochomewa. Palikuwa na mama mmoja amepiga magoti viatu kavua kaviweka pembeni, nikakaa nyuma kabisa nisimsumbue.

Ila kilichonivunja mimi ni upande wa Waanglikana, si mbali na hapo. Kule wametengeneza sanamu za watu kwa ukubwa wa mtu halisi. Kuni zimepangwa, na juu yake watu wamefungwa kama mizigo ya matete, wamelazwa, na wauaji wamesimama kazini. Nilivyosogea nikajikuta naangalia miguu kwanza, kabla ya nyuso, kabla ya kitu chochote, miaka yote hii imepita na bado macho yangu yalikwenda kutafuta ndala moja. Halafu nikawaangalia wale wauaji, maana wale ndio mimi. Mimi ndiye nilibeba.

Hapo ndipo nilipomkumbuka Mbaga Tuzinde. Mbaga alikuwa mtu wa nyumbani kwa Mukajanga, wengi husimulia kwamba alikuwa mwanae wa kumlea. Ndugu walimbembeleza, Mukajanga mwenyewe akambembeleza, sema neno moja tu nikufiche, akakataa. Mwishowe Mukajanga akaagiza apigwe shingoni kwanza ili moto umkute ameshakufa. Huyo ndiye mkuu wa wauaji, kitu pekee alichobakiwa nacho cha kumpa mtoto ni kifo cha haraka. Katekista wetu hakuwahi kutuambia hiyo, nadhani isingeingia kwenye igizo, igizo lilihitaji mtu mbaya mwenye masizi usoni na basi. Kama ningeijua nikiwa na miaka tisa ningelishika lile panga la kadibodi kwa namna nyingine.

Na siyo picha tu jamani. Papa Paulo VI alipowatangaza watakatifu Oktoba 1964, mwaka huo huo mtunzi Mganda Joseph Kyagambiddwa alikuwa amewatungia Mashahidi muziki mrefu wa kwaya kwa mtindo wa Kiganda, ngoma na vyote, wakati ambapo makanisa mengi yetu ngoma bado ilikuwa inaonekana kitu cha kipagani. Halafu majina. Kila shule, kila parokia, kila mtoto anayeitwa Kizito kuanzia Kampala mpaka Songea, jina nalo ni kumbukumbu inayotembea. Huyu mtoto aliyebatizwa usiku na kufa siku chache baadaye ana wajina wangapi leo, sijui kama kuna mtu anaweza kuhesabu.

Sasa nifike kwenye kile kilichonifanya niandike.

Namugongo haikuanza 1886. Miaka kumi hivi kabla, chini ya Mutesa, pale pale waliuawa vijana Waislamu. Mutesa alikuwa amefunga Ramadhani miaka kadhaa, amejenga msikiti, anasalisha, lakini hakutahiriwa. Wale vijana waliofundishwa dini vizuri wakaanza kukataa kusali nyuma ya imamu asiyetahiriwa na kukataa nyama ya ikulu iliyochinjwa na asiye Mwislamu. Kabaka akaona ni kiburi. Wanaotajwa kuuawa ni zaidi ya 70. Hesabu hiyo ni kubwa kuliko ya Wakatoliki na Waanglikana wakijumlishwa pamoja, maana wale ni 22 na hawa 23. Sababu ni ile ile, kijana wa ikulu anamwambia mfalme wake hapa sikufuati. Mahali ni pale pale. Mimi nimesoma dini miaka yangu yote ya utoto, nimeigiza Namugongo mara tatu, sikuwahi kusikia hata mara moja.

Upo msikiti wa kumbukumbu yao hapo Namugongo. Lakini hakuna kalenda. Waislamu hawachori mashahidi wao wala hawawachongi sanamu, kumbukumbu yao iko kwenye dua na kwenye masimulizi ya wazee, na hiyo ina heshima yake kubwa, nimekaa na rafiki yangu Mwislamu akanieleza kwamba kwao kumwombea aliyekufa kunatosha, sura yake anaijua Mungu. Nimemwelewa. Ila matokeo yake kwa sisi tulio nje ni kwamba hawa tumewasahau, sisi watu wa kalenda tunajua kukumbuka kile tulichoonyeshwa.

Nikawa nasoma habari nyingine za aina hii nikakuta ya Paris, 24 Agosti 1572, Wakatoliki walipowachinja Waprotestanti kuanzia usiku wa Mtakatifu Bartolomayo. Kuna michoro miwili imebaki. Mmoja wa François Dubois, Mprotestanti aliyekimbia, ameujaza ubao wote maiti, mto umejaa watu, mwili wa admirali Coligny, kiongozi wa Waprotestanti, unatupwa dirishani, na malkia mama wa mfalme kavaa nyeusi anakagua rundo la waliokufa, mchoro huo uko Lausanne, Uswisi. Mwingine ni wa Giorgio Vasari, aliagizwa na Papa Gregori XIII achore habari hiyo hiyo ukutani huko Vatikano mwaka uliofuata, na aliichora kama ushindi. Habari ni moja ila mmoja amechora kilio na mwingine amechora sherehe. Zote mbili zipo mpaka leo. Mimi kama Mkatoliki hiyo ya pili imenikaa kooni, naiandika hapa kwa sababu nikiificha nitakuwa nafanya kile kile ninachokilalamikia.

Na Buganda nako kuna ukuta ambao haujachorwa. Kwenye zile sanamu Mkatoliki na Mwanglikana wanaungua pamoja, na ni kweli waliungua pamoja, hata Papa Paulo siku ile ya 1964 aliwataja Waanglikana. Sasa hesabu miaka, kutoka 1886 mpaka 24 Januari 1892 ni chini ya miaka sita. Siku hiyo pale Mengo, kilima cha ikulu ya Kabaka hapo Kampala, wafuasi wa dini hizo mbili, wengine bila shaka walikuwa wakisali pamoja kwa kujificha wakati wa Mwanga, walipigana kwa bunduki. Wakatoliki wakiitwa Wafransa na Waprotestanti Waingereza, kana kwamba wamebadili kabila. Kapteni Lugard wa kampuni ya Kiingereza aligawa bunduki kwa Waprotestanti na alikuwa na bunduki ya rashasha ya Maxim. Kanisa la Wakatoliki kwenye kilima cha Rubaga likachomwa. Watu wakakimbilia kisiwa cha Bulingugwe, Maxim ikawafuata huko, wengi wakafia majini. Wakatoliki wakahamia Buddu, ndiyo Masaka hiyo ambayo basi langu lilisimama nikanunua ndizi za kuchoma na sikujua nasimama juu ya nini. Mwanga mwenyewe akakimbilia Kiziba, huku kwetu! Na safari hiyo alikuwa upande wa Wakatoliki. Yule yule.

Huyu Mwanga wa igizo letu alikuwa mwanaume mzima mwenye sauti nene na ngozi ya chui ya kuazima. Mwanga wa kweli siku ya Namugongo alikuwa na miaka kama 18, rika la wale wale aliokuwa anawaua. Baadaye Waingereza walimpeleka uhamishoni Shelisheli, akabatizwa huko akaitwa Danieri, akafa 1903. Aliyewachoma kwa ajili ya ubatizo alikufa akiwa amebatizwa. Sijawahi kuona huo mchoro popote, kijana wa Namugongo na mtu mzima wa Shelisheli kwenye ubao mmoja. Mtu angeuchora ningetembea tena mpaka Kampala kuuangalia.

Sitaki nieleweke kwamba zile sanamu zifungiwe au nguzo zipunguzwe, hapana, mimi nimelelewa na ile kalenda, na mama wa yule mtoto alilia kilio cha kweli juu ya kifo cha kweli. Ninachosema ni kwamba picha inakumbuka kwa nguvu sana mahali ilipoelekezwa, na giza la pembeni linazidi kuwa zito kwa sababu ya mwanga huo. Mashahidi ni rahisi kuwachora, wana kanzu nyeupe. Vita vya Mengo unavichoraje? Nguo nyeupe unamvisha nani? Labda ndiyo sababu mchoraji hakuja, au alikuja akakosa mtu wa kumlipa, kwa sababu kila upande ungetaka miguu inayotokeza kwenye mkeka iwe ya kwake.

Siku yangu ya mwisho Kampala niliamua niende Rubaga na Mengo, ni vilima vinavyotazamana, nione bonde walipopigania. Bodaboda aliyenibeba alikuwa kijana mcheshi anayejua Kiswahili kidogo, ananiita ssebo, yaani bwana kwa Kiganda. Tukashuka kutoka kanisani, maduka, gereji, watoto wa shule wanavuka barabara, kelele za taksi, ametulia anaendesha polepole akisubiri niseme. Tukapita, tukageuka, tukapita tena. Akasimamisha pikipiki pembeni akageuza shingo.

"Ssebo, nikushushe wapi hasa?"

Nikaangalia kulia, nikaangalia kushoto, nikakosa pa kumwonyesha.